Modesta Avila: Mwanamke Aliyekataa Kuipisha Reli

Wahenga walinena kuwa mwenye nguvu mpishe. Ni methali inayomshauri mnyonge ajiepushe na madhara kwa kumwachia njia aliyemzidi uwezo, na aghalabu ushauri huo huwa wa busara. Hata hivyo, katika kila jamii hutokea watu wanaokataa kupisha hata wanapojua kwamba hawana ubavu wa kumzuia anayekuja. Mmoja wao ni Modesta Avila, binti wa mji mdogo wa San Juan Capistrano, kusini mwa jimbo la California nchini Marekani.

Mnamo Juni 1889, Modesta aliweka kizuizi juu ya reli iliyopita hatua chache kutoka nyumbani kwao. Pamoja na kizuizi hicho aliacha karatasi yenye madai kwamba ardhi ile ilikuwa mali yake, na kwamba kampuni ya reli ikitaka kupita sharti imlipe dola 10,000. Kizuizi kile kiliondolewa kabla ya garimoshi kufika. Hakuna behewa lililoanguka, wala hakuna abiria aliyejeruhiwa. Licha ya hayo, Modesta alihukumiwa kifungo cha miaka mitatu, akapelekwa katika Gereza la San Quentin, na huko akafariki mwaka wa 1891 kabla ya kukikamilisha kifungo hicho. Alikuwa bado kijana wa miaka ishirini na kitu.

Inakuwaje kipande cha mbao na karatasi moja vimgharimu mtu maisha yake? Ili kulijibu swali hili, hapana budi kuanza na ardhi yenyewe.

Ardhi na Wenyewe

Kabla ya kufika kwa Wahispania, bonde ambamo mji wa San Juan Capistrano umejengwa lilikuwa makao ya jamii ya Acjachemen. Mnamo Novemba 1776, padri Junípero Serra wa shirika la Mtakatifu Fransisko aliasisi hapo misheni ambayo ilikuwa ya saba katika msururu wa misheni 21 zilizojengwa katika pwani ya California. Wenyeji walibatizwa, wakafanywa vibarua wa mashamba na mifugo ya misheni, na ardhi ya wazee wao ikawa chini ya mamlaka ya kanisa na mfalme wa Hispania.

Meksiko ilipojipatia uhuru mwaka wa 1821, California ilikuwa sehemu ya taifa hilo jipya. Sheria ya mwaka wa 1833 iliziondoa misheni mikononi mwa mapadri. Ilitarajiwa kwamba wenyeji wangegawiwa sehemu ya ardhi hiyo, lakini kilichotokea ni kwamba sehemu kubwa iliishia kwa familia chache zenye majina na marafiki serikalini, ambazo ziliigeuza kuwa ranchi za ng'ombe. Mnamo mwaka wa 1845 hata majengo ya misheni ya San Juan Capistrano yaliuzwa kwa dola 710. Mmoja wa wanunuzi wawili alikuwa John Forster, shemeji yake gavana Pío Pico. Kwa hivyo ardhi ile ilikuwa imekwisha kubadilishwa mikono kwa nguvu na kwa upendeleo hata kabla ya bendera ya Marekani kupandishwa.

Vita kati ya Marekani na Meksiko vilivyoanza mwaka wa 1846 vilimalizwa na Mkataba wa Guadalupe Hidalgo, uliotiwa saini tarehe 2 Februari 1848. Meksiko ilipoteza California pamoja na maeneo mengine makubwa ya kaskazini. Mkataba huo uliahidi kwamba mali za Wameksiko waliobaki katika maeneo yaliyotwaliwa zingeheshimiwa. Ahadi ilikuwa njema, ila siku tisa tu kabla ya kutiwa saini kwake dhahabu ilikuwa imegunduliwa katika milima ya California. Umati wa watu ulimiminika kutoka kila pembe ya dunia, na wengi wao walipoikosa dhahabu waligeuza macho wakaitazama ardhi.

California ikawa jimbo kamili la Marekani mwaka wa 1850. Mwaka uliofuata ikapitishwa sheria iliyomtaka kila mwenye kudai ardhi kwa hati ya Hispania au ya Meksiko kufika mbele ya tume maalumu na kuthibitisha madai yake. Zaidi ya madai 800 yaliwasilishwa. Mzigo wa kuthibitisha ulikuwa juu ya aliyeishi pale kwa miaka mingi, nao wageni waliohamia kwenye malisho yake walisubiri tu aanguke. Kwa wastani, madai yalichukua takribani miaka 17 kabla ya hatimiliki kutolewa. Mawakili walilipwa kwa pesa, na pesa zilipokwisha walilipwa kwa ardhi ile ile waliyokuwa wakiitetea. Fauka ya hayo, ukame mkali wa mwaka wa 1862 hadi 1864 uliangamiza ng'ombe waliokuwa uti wa mgongo wa ranchi. Wengi walioshinda mahakamani walijikuta wameshinda karatasi, huku malisho yamekwenda na madeni.

Lugha nayo ilibadilika. Katiba ya kwanza ya California, ya mwaka wa 1849, ilitaka sheria zote zichapishwe kwa Kiingereza na kwa Kihispania. Katiba mpya ya mwaka wa 1879 ililiondoa takwa hilo, ikaagiza kwamba shughuli zote za serikali, bunge na mahakama ziendeshwe na kuandikwa kwa Kiingereza pekee. Katika muda wa miaka 30, wazungumzaji wa Kihispania waliozaliwa California wakawa watu wanaohitaji mkalimani ili kuzifahamu sheria za nchi yao.

Modesta Avila alizaliwa San Juan Capistrano katika nusu ya pili ya miaka ya 1860, wakati mabadiliko hayo yakiendelea. Familia za Kihispania zilizokuwa na maelfu ya ekari zilikuwa zimeanza kuhesabu kilichobaki. Familia za kawaida, kama ile ya akina Avila aliyotoka Modesta, zilishikilia viwanja vidogo vya makao: nyumba, bustani, na banda la kuku. Kiwanja alichokipigania kilimfikia kupitia kwa mama yake. Hakikuwa ranchi wala shamba la kutajirisha mtu. Kilikuwa nyumbani.

Ujio wa Reli

Reli ya kwanza kuliunganisha bara la Amerika Kaskazini mashariki na magharibi ilikamilika mwaka wa 1869. Kampuni ya Southern Pacific iliufikisha usafiri huo Los Angeles mwaka wa 1876, na kwa takribani miaka kumi ikawa ndiyo yenye sauti pekee juu ya nauli na ushuru wa mizigo kusini mwa California. Ukiritimba huo ulivunjwa na kampuni ya Santa Fe, iliyoingia eneo hilo katika miaka ya 1880. Mashindano ya kampuni hizi mbili yakazua vita vya nauli, hata katika mwezi wa Machi 1887 ikawezekana, kwa muda mfupi, kusafiri kutoka mji wa Kansas City hadi Los Angeles kwa dola moja tu.

Nauli hiyo ilileta wahamiaji kwa maelfu. Viwanja viliuzwa na kuuzwa tena kabla ya wino kukauka, na miji ikachorwa mahali ambapo palikuwa na nyasi na vichaka. Katika pilikapilika hizo, kampuni tanzu ya Santa Fe, iliyoitwa California Central, ilijenga njia kutoka Los Angeles kwenda San Diego kwa kupitia Santa Ana na San Juan Capistrano. Njia hiyo ilikamilika mwezi wa Agosti 1888. Ilipita ubavuni mwa nyumba kuukuu za udongo, nyingine zikiwa zimejengwa tangu zama za Wahispania, na ikapita pia karibu na makao ya akina Avila.

Si haki kusema kwamba reli ilileta hasara tupu. Mkulima aliyekuwa akisafirisha mazao yake kwa mkokoteni katika barabara za vumbi alipata njia ya kuyafikisha sokoni yangali mabichi. Barua na bidhaa zilifika upesi. Mji uliokuwa umesinzia ulipata kituo na wafanyabiashara wapya. Lakini faida hizo ziligawanywa kwa namna ya ajabu: aliyekuwa mbali na reli kwa kiasi alinufaika, ilhali aliyekuwa karibu nayo zaidi ndiye aliyebeba gharama. Moshi uliingia nyumbani, ngurumo iliwakatiza watu usingizi, na husimuliwa kwamba Modesta alilalamika kuwa kelele za magarimoshi ziliwafanya kuku wake wasitage. Huenda malalamiko hayo yakamchekesha asiyefuga. Kwa mwanamke ambaye mayai ni sehemu ya riziki yake, kuku asiyetaga ni mshahara usiolipwa.

Hapa panastahili kutajwa jambo moja ambalo wasimulizi wengi hulipita haraka. Katiba ile ile ya mwaka wa 1879 iliyokifukuza Kihispania serikalini ilikuwa na kifungu kuhusu mali. Kifungu hicho kilisema wazi kwamba mali ya mtu binafsi isichukuliwe wala isiharibiwe kwa matumizi ya umma bila fidia ya haki kulipwa kwanza. Kuhusu kampuni, kikaongeza kwamba haki ya njia isitwaliwe hadi fidia kamili ilipwe kwa pesa taslimu, au iwekwe mahakamani kwa ajili ya mwenye ardhi, na kwamba kiasi cha fidia hiyo kiamuliwe na juri. Madai ya Modesta, yakiondolewa ukali wake, yalikuwa haya haya: lipeni kwanza, kisha mpite. Jumla aliyoitaja, dola 10,000, ilikuwa kubwa mno, hasa ikikumbukwa kwamba misheni nzima iliuzwa kwa dola 710 miaka 44 awali. Lakini anayedai bei ya juu hajapoteza haki ya kulipwa. Bei hupatanwa.

Kizuizi

Yapo masimulizi mawili kuhusu kitendo chenyewe. Lile linalopendwa na wengi husema kwamba Modesta alifunga kamba ya kuanikia nguo kutoka upande mmoja wa reli hadi mwingine, akaanika nguo alizozifua, kisha akangoja garimoshi. Ni taswira ya kuvutia: chuma na mvuke upande mmoja, mashuka yaliyolowa upande wa pili. Simulizi hiyo imeenea sana katika hekaya za eneo hilo.

Habari zinazotokana na kesi zinazungumzia kitu kisicho na mapambo kama hayo. Modesta aliweka mbao nzito juu ya reli, na pamoja nayo karatasi yenye madai yake. Max Mendelson, aliyekuwa wakala wa mizigo pale kituoni, aliikuta mbao hiyo na kuiondoa. Alizungumza na Modesta kumwonya juu ya hatari ya kitendo kile, naye Modesta akashikilia kwamba wakimlipa ardhi yake wanaweza kupita. Garimoshi lilipofika, reli ilikuwa wazi.

Tofauti kati ya masimulizi haya mawili si ndogo. Nguo juu ya kamba haziwezi kulisimamisha garimoshi, na aliyezianika anaweza kutetewa kwa kicheko. Mbao juu ya reli inaweza kuua. Magarimoshi ya zama hizo yalibeba familia nzima katika mabehewa ya mbao, na kuacha njia kulimaanisha maafa. Sheria iliyoharamisha kuzuia garimoshi haikutungwa kwa uonevu mtupu, na hofu ya dereva na ya abiria haipaswi kudharauliwa kwa sababu tu kampuni ilikuwa tajiri.

Pamoja na hayo, mwenendo wa Modesta haukufanana na wa mtu anayekusudia kuangusha behewa. Mwenye nia hiyo hufanya kazi usiku na kujificha. Modesta aliweka kizuizi karibu na nyumba yao, mahali ambapo kila mtu angejua ni nani aliyekiweka, na akaacha maandishi yaliyotaja anachotaka na bei yake. Alipoulizwa hakukana. Kwa mtu asiye na wakili wa kudumu, asiye na jamaa katika afisi za kampuni, na ambaye lugha ya mababu zake ilikuwa imeondolewa katika meza za serikali, karatasi ile ilikuwa barua kwa kampuni.

Inaelekea aliamini kwamba barua imepokelewa. Husimuliwa kwamba baada ya tukio lile alieleza watu kuwa Santa Fe ingemlipa, na kwamba aliandaa dansi mjini Santa Ana kuisherehekea fidia hiyo. Kelele za sherehe ziliwakera majirani, naye akakamatwa kwa kosa la kuvuruga amani. Shangwe ya mapema ikawa chanzo cha kujulikana kwake kwa maafisa wa sheria.

Kesi

Wakati Modesta alipoweka kizuizi, San Juan Capistrano ulikuwa sehemu ya Kaunti ya Los Angeles. Katika majira hayo hayo wakazi wa kusini walipiga kura ya kujitenga, na tarehe 1 Agosti 1889 Kaunti ya Orange ikaanza rasmi, makao yake makuu yakiwa Santa Ana. Ilikuwa kaunti ndogo. Sensa ya mwaka wa 1890 ilihesabu watu wasiofika 14,000. Viongozi wake walitaka kuionyesha dunia kwamba hapa pana sheria, pana utulivu, na mwekezaji anaweza kuleta mtaji wake bila wasiwasi. Reli ndiyo iliyokuwa ikileta wanunuzi wa viwanja na kusafirisha mazao. Katika mazingira hayo, mtu aliyethubutu kuigusa reli alikuwa ameugusa mboni ya jicho la kaunti changa.

Miezi minne baada ya tukio, Modesta alikamatwa na kushtakiwa kwa jaribio la kuzuia garimoshi, kosa kubwa la jinai. Kuchelewa huko kunashangaza. Kama mbao ile ilihesabiwa kuwa hatari kubwa kwa maisha ya watu, mbona muda wote huo ulipita kabla ya aliyeiweka kufikishwa mbele ya sheria? Jibu moja ni kwamba kaunti yenyewe ilikuwa haijazaliwa. Jibu jingine ni kwamba kaunti ilipozaliwa ilihitaji mfano wa kuwaonya wengine, na mfano ulikuwa karibu.

Kesi ya kwanza ilisikilizwa na juri, yaani jopo la raia 12 walioapishwa kutoa uamuzi. Wanaume hao walishindwa kukubaliana: sita walimwona ana hatia, na sita hawakumwona hivyo. Nusu ya jopo, katika mji uliotegemea reli, haikushawishika kwamba kitendo kile kilistahili kufungiwa mtu. Mshtakiwa aliyegawanya jopo kiasi hicho angeweza kuachwa. Upande wa mashtaka ukachagua kumfikisha mahakamani tena.

Kati ya kesi ya kwanza na ya pili, mazungumzo ya mji yalihama kutoka kwenye reli yakaingia chumbani. Habari zilienea kwamba Modesta alikuwa mjamzito ilhali hana mume. Sifa yake ikawa gumzo, na swali la kama alikuwa mwanamke wa heshima likatangulia swali la kama alikusudia kumdhuru abiria. Jopo la pili lilimpata na hatia. Akahukumiwa kifungo cha miaka mitatu, na hivyo akawa mtu wa kwanza katika historia ya Kaunti ya Orange kutiwa hatiani kwa kosa kubwa la jinai.

Kuna kinaya katika kadhia hii. Jaji wa kwanza wa Mahakama Kuu ya Kaunti ya Orange alikuwa James Towner. Kabla ya kuhamia California, Towner alikuwa mwanachama wa Jumuiya ya Oneida katika jimbo la New York, jumuiya iliyoasisiwa mwaka wa 1848 na ambayo kwa zaidi ya miaka 30 ilikataa ndoa ya mume mmoja na mke mmoja, wanachama wake wakihesabiana kuwa wameoana wote kwa wote. Mambo hayo hayakumzuia kupigiwa kura na kukikalia kiti cha hakimu. Mji uleule uliomsamehe mwanamume msomi historia yake haukumsamehe binti wa Kimeksiko uvumi wa mimba yake. Mnyonge hana haki, husema Waswahili, na unyonge wa Modesta ulikuwa na matabaka: alikuwa mwanamke, alikuwa fukara, na alikuwa wa jamii iliyoshindwa vita.

Wakili wake, George Hayford, alijaribu kuibatilisha hukumu hiyo lakini hakufaulu. Katika hatua zote hizo, jambo ambalo Modesta aliliandika kwenye karatasi halikuwa ndilo lililoamuliwa. Kesi ya jinai huuliza kama mshtakiwa aliweka kizuizi na kwa nia gani. Haiulizi ardhi ni ya nani, wala kama aliyepitisha njia juu yake alilipa. Kwa ajili ya swali hilo ilihitajika kesi ya madai, iliyofunguliwa na mwenye pesa za kumlipa wakili na subira ya kungoja miaka. Modesta alileta swali la fidia akajibiwa kwa sheria ya usalama wa reli. Majibu yalikuwa ya swali jingine.

Gerezani

San Quentin ni gereza kongwe lililofunguliwa mwaka wa 1852 kando ya Ghuba ya San Francisco, zaidi ya kilomita 600 kutoka San Juan Capistrano. Lilijengwa kwa ajili ya majambazi na wauaji wa zama za dhahabu. Wafungwa wake walikuwa wanaume kwa wingi, na wanawake walikuwa wachache waliotengewa sehemu yao. Huko ndiko alikopelekwa msichana ambaye kosa lake lilikuwa mbao iliyoondolewa kabla ya garimoshi kufika.

Picha yake kama mfungwa imehifadhiwa hadi leo. Inamwonyesha mwanamke kijana aliyevaa nadhifu, akiikabili kamera. Ndiyo taswira pekee ambayo watu wengi wanayo juu yake, na ni taswira iliyopigwa na waliomfunga.

Modesta hakutoka. Alifariki gerezani mwaka wa 1891, takribani miaka miwili baada ya hukumu. Kifungo cha miaka mitatu kikawa cha maisha bila ya jaji yeyote kutamka hivyo.

Kumbukumbu

Kwa muda mrefu jina la Modesta Avila lilitajwa, pale lilipotajwa, kama kichekesho katika orodha ya mambo ya kwanza ya Kaunti ya Orange: shule ya kwanza, gazeti la kwanza, mhalifu wa kwanza. Alisawiriwa kama mwanamke mkorofi aliyedhani kwamba anaweza kulisimamisha garimoshi kwa nguo za kufua. Huenda hekaya ya kamba ya nguo ilistawi kwa sababu hiyo. Ilimfanya achekeshe, na mtu anayechekesha haulizwi madai yake yalikuwa nini.

Mambo yalianza kubadilika katika miongo ya mwisho ya karne ya 20, wakati wanahistoria walipoanza kuisoma upya California kwa jicho la waliopoteza ardhi. Mwaka wa 1995 mwanahistoria Lisbeth Haas alichapisha kitabu kuhusu ushindi na utambulisho katika California kuanzia mwaka wa 1769 hadi 1936, ambamo kisa cha Modesta kilipewa uzito wake kama sehemu ya mgogoro wa ardhi na mamlaka. Tangu hapo ameandikiwa makala na kuigizwa jukwaani. Katika karne ya 21, wakazi wa kusini mwa California waliosumbuliwa na moshi wa yadi za reli waliunda muungano na kuupa jina lake. Hawa hawakuwa na ranchi iliyotwaliwa. Walikuwa watu wanaoishi karibu na reli, wanaovuta hewa yake, na walioona kwamba mwanamke aliyelalamikia moshi na kelele mlangoni pake mwaka wa 1889 alikuwa jirani yao.

Kumkumbuka Modesta hakumlazimu mtu kumfanya malaika. Alifanya jambo la hatari. Alitaja bei ambayo hata rafiki yake angeona ni ya juu. Alisherehekea kabla ya kulipwa. Aidha, ardhi aliyoipigania ilikuwa imechukuliwa kutoka kwa Acjachemen muda mrefu kabla ya kuwa ya akina Avila, na kisa chake hakikamiliki bila ya wao kutajwa. Hakuna hata moja kati ya haya linaloondoa ukweli kwamba alipewa adhabu isiyolingana na kosa, kwamba alihukumiwa kwa sifa yake pamoja na kitendo chake, na kwamba swali lake halikujibiwa.

Reli ile haikusimama. Magarimoshi yameendelea kupita San Juan Capistrano kwa zaidi ya karne moja, yakiwapeleka watalii kuitazama misheni na abiria kwenda San Diego. Atakayeshuka katika kituo cha mji huo atakuwa amekaribia mahali ambapo mwanamke mmoja aliweka mbao na karatasi. Mwenye nguvu hakupishwa siku ile. Aliombwa alipe kwanza, na sharti hilo lilikuwa limeandikwa katika katiba ya California miaka kumi kabla ya Modesta kuliandika kwa mkono wake.